Nilivyompeleka Nanihii kwa Brigedia wa Majini

Naandika mara moja tu. Tangu nirudi, kila mmoja wenu amenivuta pembeni kwa wakati wake, huyu kwenye foleni ya maji, huyu tukikunja mashuka, huyu mlangoni mwa choo. Jamani, mlangoni mwa choo! "Mishi, ilikuwaje huko Vanga?" Nimechoka kuanza upya. Someni hapa, na asiyesoma asiniulize.

Ukunda, kabla sijafunga mlango

Kwa wale mlioanza kazi ya dobi hapa hotelini juzi na hamjui: mume wangu ni Rashidi, yule anayewatembeza watalii Diani kwa mashua yenye kioo chini. Mtoto wetu alipozaliwa, siku ya saba tulichinja mbuzi, mamangu akapika, shehe akaja, akauliza, "Jina?" Rashidi akatazama dari. Akasema kwao mjukuu wa kwanza wa kiume hupewa jina na babu yake, kwa mdomo wake, na hakuna mwingine anayethubutu. Na babu mwenyewe si mtu wa kuokotwa njiani, ni brigedia wa jeshi la majini.

"Baba yuko majini," akasema. "Akitoka, jina litakuja."

Shehe akasoma dua, akala nyama ya mtoto asiye na jina, akaenda zake.

Mimi mkwe wangu sikuwa nimemwona hata siku moja. Harusini aliwakilishwa na ndugu yake, akaleta salamu na saa ya ukutani. Mkwe wangu wa kike hakuja pia, ati mzee hawezi kuachwa peke yake. Nikajiuliza, brigedia gani huyu asiyeweza kuachwa peke yake? Lakini nilikuwa bibi harusi, mdomo nimeufunga kwa wanja na hina.

Basi tukangoja jina. Mwanzo tulimwita "mtoto". Halafu Rashidi akiwa na haraka zake: "Hebu mshike nanihii." Mamangu naye: "Nanihii amelala?" Majirani wakaliokota. Na desturi yetu mwaijua, mwanamke akizaa huitwa kwa mwanawe. Nyinyi wenyewe, msikatae, mlikuwa mkinipigia kelele kutoka upande wa pili wa kamba za kuanikia: "Mama Nanihii! Mama Nanihii, sabuni!"

Nilivumilia mpaka siku ile dukani. Mwenye duka alimwinamia mwanangu akamwuliza, "We bwana mdogo, waitwa nani?" Mwanangu akatoa kidole mdomoni, akasema wazi kabisa, neno lake la kwanza lililonyooka: "Nanihii." Na akatabasamu! Duka zima likacheka. Mimi sikucheka.

Jioni nikamwambia Rashidi, "Kesho twenda kwa baba'ko."

Akaacha kutafuna. "Baba yuko majini."

"Tangu mtoto azaliwe mpaka anatembea? Amegeuka nguru?"

"Mishi, yule si mtu wa kuendewa hivi hivi. Ana vyeo. Ameongoza manowari. Akikohoa, watu husimama."

"Nami nina mtoto. Akiwa hayuko majini anakaa wapi?"

"Vanga," akasema, kama mtu anayetoa siri ya serikali. "Lakini usiende."

Asubuhi alipokwenda kazini nilimfunga mtoto mgongoni, nikatia nepi na chupa ya uji mfukoni, nikatoka. Nikaapa: sirudi Ukunda na Nanihii. Narudi na mtu mwenye jina lake.

Ukunda hadi Msambweni, juu ya magodoro

Nilipata lifti kwenye pikapu iliyokuwa ikipeleka magodoro ya zamani ya hoteli Msambweni. Dereva, mzee Athumani, alikuwa amejaza mito kiti cha mbele, kwa hiyo mimi na mtoto tulipanda juu ya magodoro tukalala chali kama masultani. Mzee aliongea nami kwa kupiga kelele kupitia kidirisha cha nyuma, shingo ameigeuza, barabara ameiachia Mungu.

"Waenda kwa nani, mwanangu?"

"Kwa brigedia wa jeshi la majini! Yuko Vanga! Wamjua?"

"Kassim? Nani asiyemjua! Yule alikamata maharamia kwa mkono mmoja!"

"Na mkono wa pili?"

"Wa pili alishika kikombe cha chai! Haikumwagika hata tone!"

Nikaanza kuogopa kidogo. Mtu wa namna hiyo nitamwambiaje kwamba mwanawe ni mzembe?

Karibu na Gazi godoro moja likaruka. Likapaa, wallahi, kama kishada, likatua kando ya njia. Mpaka mzee anisikie na ageuze gari, tulikuta mwanamke ameshalikalia, miguu ameikunja, anamenya mihogo.

"Bibi, hilo godoro letu," mzee akasema.

"Lenu vipi? Hili limeshuka kutoka mbinguni. Nilikuwa naomba tangu Ramadhani."

"Limeshuka kutoka kwenye pikapu!"

"Na pikapu imeletwa na nani?"

Mzee Athumani akatazama mbinguni. Mimi nikashuka nikitoa macho, na mwanamke yule akanitazama vizuri. "Si weye Mishi? Mishi wa Nassoro, mkwezi?" Nikasema ndimi. Akainuka akanikumbatia, akalia. Babangu, Mungu amrehemu, alikuwa akipanda minazi ya Gazi nzima, na huyu mama alikuwa akimfumia kamba za miguuni. Akasema hajaona tena mtu anayepanda mnazi huku akiimba, akifika juu anatoa salamu kwa kila nyumba anayoiona. Tukakaa wote kwenye godoro tukala mihogo yake na pilipili, mpaka mzee Athumani akasahau tulichokuwa tukigombania. Tukaondoka bila godoro. Mzee alikumbuka tulipofika Msambweni, na lawama akanitupia mimi.

Msambweni hadi njia ya Majoreni, ndani ya lori la miwa

Msambweni nilikaa kwenye jua mpaka kijasho kikanikauka nikiwa nacho. Mwisho likaja lori tupu la miwa likirudi mashambani. Dereva alikuwa kijana wa bara, Kevo, mwenye miwani ya jua na kofia ndani ya gari lisilo na jua. Alinikaribisha vizuri, akampa mtoto kipande cha muwa. Akaniuliza naenda kufanya nini.

"Nampeleka mtoto kwa mkubwa wa jeshi la majini."

Akapunguza mwendo. Akamtazama mtoto. Akauchukua ule muwa taratibu, akauweka mahali pake.

"Manze siste, ungeniambia kabla hujaingia."

"Kwa nini?"

"Mtoi anasumbuliwa na nini?"

"Hasumbuliwi. Hana jina tu."

"Hana jina!" Akafungua dirisha lake, akafungua na langu. "Wamekataa apewe?"

"Babake anasema mpaka mkubwa mwenyewe aseme. Ndiye mwenye amri."

"Ehe, ndivyo wanavyofanyaga. Na hao majeshi wako wengi?"

"Sijui. Nasikia wana manowari."

Basi Kevo akashika usukani kwa mikono miwili akaanza kuimba nyimbo za kanisa, moja baada ya nyingine, sauti nzuri kweli, na mwanangu akapiga makofi. Tulipofika mahali barabara ya Majoreni inapochepuka, akasimamisha lori bila kuambiwa.

"Hapa ndipo unashukia. Mkubwa wa majini ako Majoreni. Si Vanga. Hiyo kila mtu anajua."

"Mume wangu amesema Vanga."

"Bwana yako amekudanganya. Shuka tu salama, siste. Mungu akulinde."

Nikashuka. Kwamba Rashidi amenidanganya nililiamini mara moja, halikuhitaji ushahidi. Hata hivyo nikawauliza kina mama wawili waliokuwa wakiuza maembe mabichi yenye pilipili: mkubwa wa jeshi la majini yuko wapi?

"Yuko hapo Majoreni," mmoja akasema. "Mtoto ana nini?"

"Hana jina."

Wakatazamana. "Huyo mkubwa hataji jina bure," mwenzake akasema. "Mpaka apelekewe sinia."

Nikadhani ndiyo adabu ya kijeshi. Nikanunua maembe.

Majoreni, kwa mkubwa asiyekuwa wangu

Boma lilikuwa na bendera mbili mlangoni, nyekundu na nyeupe. Nikasema, hapa ndipo. Watu walikaa kwenye mikeka kwa mstari, kimya, wakingoja zamu, na mwanamume mmoja mwenye filimbi shingoni akiwaelekeza. Nidhamu, nikasema, hii ndiyo nidhamu ya brigedia. Ila kulikuwa na ngoma, na harufu ya udi, na kuku mweusi amefungwa mguu kwenye mndimu.

Yule wa filimbi akaniuliza, "Umekuja kwa nani?"

"Kwa brigedia."

"Brigedia bado hajapanda. Kaa."

"Hajapanda wapi? Melini?"

"Kichwani," akasema, na akanionyesha mkeka.

Nilikaa. Kichwani? Kabla sijapata mtu wa kumwuliza, akatoka mama mmoja mnene, Bi Mwanakombo, amejifunga kanga nyekundu na mkanda mpana wa kiaskari juu yake. Kila mtu akainama. Mbele yake likaletwa sinia kubwa: halwa, mayai, ndizi, marashi, kahawa. Akaanza kutetemeka bega moja, akasema kwa sauti nzito ya kiume, "Nani anataka kusema na koplo?"

"Mimi namtaka brigedia," nikajibu, maana nimetoka mbali, sitazungumza na koplo.

Watu wakashtuka. Na hapo hapo, jamani, mgongo wangu ukawa mwepesi. Nanihii alikuwa ameshateleza. Kufumba na kufumbua yuko kwenye sinia, halwa mikono miwili, mashavu yamejaa.

"Amekula mgao wa brigedia!" wa filimbi akapiga kelele, kisha akapuliza filimbi. Kuku akaruka, mndimu ukatikisika, mwanamke mmoja akazimia, na mwingine akatumia nafasi hiyo kusogea mbele kwenye mstari. Mimi nikamshika mwanangu mguu nikimvuta, naye ameshika sinia, sinia linakuja.

Bi Mwanakombo akaacha kutetemeka. Akasema kwa sauti yake ya kawaida, "Hebu nyamazeni. Weye mwana, watoka wapi na wataka nini hasa?"

Nikamweleza. Babu wa mtoto. Jeshi la majini. Manowari. Jina. Nilivyokuwa nikieleza, mdomo wake ulikuwa ukifunguka polepole, na nilipomaliza alikaa chini kwenye mkeka, akacheka mpaka ule mkanda ukafunguka.

"Mwanangu, mimi ni mkubwa wa majini. Wanaopanda watu vichwani. Weye wamtafuta mkubwa wa wanamaji! Wa melini! Umemsikia, Shee?" akamwambia wa filimbi. "Ati manowari! Mimi manowari nitaiweka wapi?"

Watu wote wakacheka, hata aliyezimia. Nilitamani ardhi inimeze, lakini nilikuwa na hasira zaidi ya aibu, kwa hiyo nikabaki juu.

"Wamtaka Kassim," Bi Mwanakombo akasema akifuta macho. "Yuko Vanga, bwana'ko hakukudanganya. Huyo Kassim ni mtu wangu, huja hapa kila mwezi."

"Brigedia? Kufanya nini?"

"Ya mteja siyatoi." Akachuma ndimu kwenye mti ule ule wa kuku, akanijazia kwenye mfuko. "Lakini ukenda kwake usiende mikono mitupu. Mpelekee hizi. Atakupenda."

Halwa hakunidai. Alisema brigedia wake hapendi sana vitu vitamu.

Majoreni hadi Vanga, kwa pikipiki na kwa miguu

Pikipiki ilikuwa ya Omari, mwanamume wa makamo aliyekuwa akimpeleka bata Vanga kwa mtu wake. Bata alikaa mbele kwenye tangi, Omari akafuata, halafu mwanangu, halafu mimi. Kila tukiingia shimoni bata alisema neno, na mwanangu alimjibu.

Njia ile msiniulize. Ni vipande vya njia vilivyosahauliwa kwa mpangilio. Kwenye tope la karibu na mikoko mnyororo ukakatika, tukashuka wote, Omari akisukuma, mimi nimebeba mtoto upande mmoja na bata upande wa pili, viatu nimevishika kwa meno. Ndiyo, kwa meno. Anayecheka akafanye yeye.

"Huyo Brigedia," Omari akasema akihema, "yuwapenda bahari kupita kiasi. Kila asubuhi huja pwani, akasimama mbaali, akawauliza wavuvi: leo maji yajaa saa ngapi? Yajaa mpaka wapi? Bamvua la maji makubwa lini? Ya'ni mtu amekula bahari maisha yake yote, na hata sasa hamu haijamwisha."

"Huvua?"

"La. Huuliza tu, akarudi kwake mbio."

Nikaona ajabu, lakini kwa viatu mdomoni hilo neno moja lilinitosha. Nikamwomba Mungu huyo mpenda bahari awe amekwisha kunywa chai yake kwa utulivu, na nikaanza kupanga maneno yangu. Nitasema hivi na hivi. Nitasema, baba, mjukuu wako anaitwa kama kitu kilichosahaulika.

Vanga, ndani ya meli isiyoelea

Nyumba yake niliijua bila kuuliza. Uani kulikuwa na mlingoti wenye bendera, kengele ya shaba mlangoni, kuta zimepigwa chokaa nyeupe na mstari wa buluu. Na kila kitu kilikuwa juu. Vitanda vimewekwa juu ya matofali, kabati juu ya matofali, hata banda la kuku lilikuwa na miguu mirefu kama korongo.

"Simama hapo! Jitambulishe!"

Alitoka amevaa shati jeupe na kaptula nyeupe iliyopigwa pasi mpaka ungeweza kukatia mkate. Mfupi. Masharubu. Hakuwa na urefu wa mlingoti hata kidogo.

"Shikamoo, baba. Mimi ni Mishi, mke wa Rashidi. Huyu ni mjukuu wako. Nimekuja kuchukua jina lake."

"Marahaba." Akamtazama mtoto, na uso ukataka kulainika, akauzuia. "Jina gani? Jina nilishalitoa."

"Lini?"

"Siku aliyozaliwa! Kwa simu! Nilimwambia Rashidi waziwazi."

Nikamkumbuka Rashidi siku ile ya shehe, akitazama dari. Kumbe! Simu ilikoroma, hakusikia, na akaogopa kuuliza. Tangu siku hiyo ananiambia baba yuko majini!

"Baba, Rashidi hakulisikia. Naomba uliseme tena."

"Amri hairudiwi."

"Hii si amri, ni jina."

"Nililitoa kama amri. Katika kazi yangu yote sijawahi kurudia amri. Nenda kamwulize mumeo."

"Mumeo wangu hajui!" Ndivyo nilivyosema, mumeo wangu, maana hasira ilishanivuruga lugha. "Mtoto anaitwa Nanihii, baba! Nanihii! Ataingia shule anaitwa Nanihii!"

Akanyooka zaidi. Akagonga kengele. "Chakula saa ya chakula. Mengine baadaye." Akaingia ndani.

Mkwe wangu wa kike, Bi Zuhura, akanivuta jikoni kabla sijamrushia ndimu. Alikuwa akipika wali wa nazi na samaki, na alinikumbatia kana kwamba mimi ndiye niliyechelewa, si jina.

"Mwanangu, usigombane naye. Amelisahau."

"Amesahau nini?"

"Jina. Alilitoa kwa simu kwa furaha, jioni akaniuliza mimi, 'Zuhura, nilisema nani vile?' Mimi nilikuwa kisimani. Tangu hapo angojea Rashidi alitaje apate kulikumbuka. Hupigiana simu. Yeye husema, 'Nanihii hajambo?' Rashidi husema, 'Nanihii hajambo, baba.' Wakakata. Kila mmoja afurahi kwamba mwenziwe hakugundua."

Nilikaa kwenye mbuzi ya kukunia nazi. Nilicheka kidogo, halafu nikataka kulia, halafu mbuzi ikanichoma.

"Na hizi ndimu?" nikauliza, nikimwonyesha mfuko. "Za Majoreni?"

Bi Zuhura akashusha sauti. Na hapa ndipo nilipopata habari kamili ya maisha ya Brigedia, wala hamna maharamia ndani yake. Aliingia jeshini kijana mwembamba wa Vanga, na meli ya kwanza aliyopanda alitapika mpaka ikarudi gatini. Ya pili vivyo hivyo, na siku hiyo alimtapikia mkubwa wake. Alikuwa na kichwa cha hesabu na ramani, hawakutaka kumfukuza, basi wakampandisha cheo akae ofisini. Kila alipopanda cheo, ilibidi akague meli, akikagua anatapika, akitapika wanampandisha tena akae ofisi ya ndani zaidi. Hivyo hivyo mpaka brigedia.

"Lakini usimdharau," Bi Zuhura akasema. "Vijana aliowatuma baharini walirudi wote. Kukiwa na upepo hata kidogo hakuwaruhusu kutoka. Alikuwa akiogopa kwa niaba yao."

Alipostaafu alirudi kwao, kwa kuwa kwao ni kwao. Ila Vanga, bamvua likija, bahari haingoji ukaifuate. Yaja yenyewe, yaingia uani bila hodi. Ndiyo sababu ya matofali. Ndiyo sababu ya Bi Mwanakombo na ndimu zake za kutuliza tumbo. Ndiyo sababu hakuweza kuachwa peke yake.

Tulikuwa hatujamaliza kupakua wali, kengele ikalia kwa fujo. "Maji! Maji! Kila mtu mahali pake!"

Maji yalikuwa yakiingia mlangoni taratibu, safi, na samaki wadogo ndani yake, kama wageni wenye adabu. Bi Zuhura akanyanyua sufuria bila haraka. Brigedia alikuwa ameshasimama juu ya meza, masharubu yamesimama, uso umegeuka rangi ya embe bichi, beseni mkononi. Nikamrushia ndimu. Akaidaka akaiuma na ganda lake.

Na mwanangu? Mwanangu alishuka kitandani akatumbukia kwa furaha. Maji yalimfika magotini. Akayapiga makofi. Akaona samaki, akamfuata. Samaki akaelekea uani, na uani maji yalikuwa marefu, yanavuta.

Mimi nilikuwa nimerudi mlangoni mwa jikoni, sufuria ya samaki mikononi. Aliyemwona ni Brigedia. Akatupa beseni.

"We! Wewe! Rudi!"

Mtoto hakugeuka. "We" si yeye.

"Rudi hapa! We... we..." Mdomo wake ulifunguka na kufungwa, nikaona kabisa akilitafuta lile jina kichwani, ofisi kwa ofisi, na halimo. Mwanangu akakanyaga kizingiti.

"NANIHII!"

Mtoto akasimama pale pale. Akageuka, akacheka, akanyoosha mikono kwa babu yake. Na Brigedia Kassim, mtu wa meza, akaruka majini. Maji yakamfika kwenye vigimbi vya miguu. Akamnyakua mtoto, akamkumbatia kwenye lile shati jeupe, akarudi juu ya meza naye. Hakutapika. Nasema tena kwa kuwa mkewe alinishika mkono akanong'ona: hakutapika.

Sote tulikuwa tumesikia alivyomwita. Alinitazama kutoka juu ya meza, nami nikamtazama kutoka majini, na mara hii hakuwa brigedia wa chochote. Alikuwa mzee aliyelowa ambaye hajui jina la mjukuu wake.

Ningeweza kumwaibisha. Mnanijua mimi. Maneno yalikuwa tayari, nimeyapanga tangu kwenye tope. Badala yake yakatoka mengine.

"Nassoro," nikamwita mwanangu. "Mshike babu vizuri." Kisha nikamwuliza, "Baba, si ndilo jina ulilolitoa kwenye simu? Nassoro? Mimi nilikuwa karibu na Rashidi, nilisikia kwa mbali. Nilitaka tu kuhakikisha."

Bi Zuhura, ambaye analijua vizuri jina la babangu, alikohoa ndani ya kanga yake.

Brigedia akalitafuna jina hilo pamoja na ndimu. Kisha kifua kikainuka.

"Ndilo," akasema. "Nassoro. Ndilo hasa! Alhamdulillahi, hatimaye amepatikana mtu mmoja mwenye masikio katika familia hii!"

Akamwinamia mtoto, akamwadhinia sikioni juu ya ile meza, maji yakipita chini yao. Kisha akampigia saluti. Mtoto akamshika masharubu.

Kurudi Ukunda

Nilikaa kwa wakwe siku chache, na kurudi hakukuwa na kisa, ila kwamba pale Gazi nilimkuta yule mama bado yuko kwenye godoro lake, nikashuka nikamwambia mtoto anaitwaje. Alitazama juu, kwenye minazi.

Rashidi alikuwa mlangoni, amekonda kwa siku zile chache. "Ametajwa?"

"Ametajwa. Si ulisikia mwenyewe kwenye simu? Liseme."

Jasho likamtoka. "Lilianza na... N?"

"Nassoro," nikasema.

Akajipiga paja. "Ndilo! Wallahi Mishi, ndilo lile lile nililolisikia! Nilikuwa nalo kabisa!" Akafikiri kidogo. "Kama marehemu baba'ko, eti?"

"Eti," nikasema. "Ona mambo ya Mungu."

Msiwe na wasiwasi kwamba atasoma haya. Rashidi hasomi kitu kinachozidi matokeo ya mpira.

Brigedia hupiga simu kila asubuhi. Amri zote hazirudiwi, lakini hii huirudia si mara moja wala mbili: "Nassoro hajambo? Nassoro amekula? Mpe simu Nassoro! Nassoro!" Mpaka naweka simu mbali na sikio. Babangu, ambaye hakupanda chombo chochote zaidi ya mnazi, anaitwa kutoka Vanga na afisa mkuu wa wanamaji kila siku inayokuja.

Mtoto mwenyewe bado anazoea. Nikimwita Nassoro huangalia nyuma kwanza, kuona ni nani.

Na nyinyi kule upande wa pili wa kamba: kuanzia leo ni Mama Nassoro. Sirudii.